Uzi mrefu: Ada ya kufungua kesi siyo inayomwangusha maskini, ni haya yanayokuja baada yake

MLETA UZI:

Wakuu, heshima kwenu wote.

Mimi ni msaidizi wa kisheria (siyo wakili) ngazi ya kata hapa Tanzania. Swali ninaloulizwa kuliko yote ni hili: "Mahakamani wanataka shilingi ngapi?" Mtu anauliza ada ya kufungulia kesi. Namjibu, lakini nikishamjibu namwomba akae chini kwanza, kwa sababu ada hiyo ndiyo gharama ndogo kuliko zote atakazokutana nazo. Nimeona watu wanauza mbuzi ili walipe ada, wanashinda hatua ya kwanza, halafu wanapoteza shamba kwa kuchelewa siku tatu. Hilo linaniumiza kuliko ninavyoweza kueleza, na ndiyo sababu ya uzi huu.

Tuanze na nauli. Mahakama ya Mwanzo iko karibu kidogo, unaongea Kiswahili tangu zamani, na unaweza kueleza madai yako kwa mdomo karani akayaandika. Kule mtu wa kawaida anapumua. Lakini kesi ikipanda, inapanda pia kilomita. Mahakama ya Wilaya iko mjini. Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya ni la wilaya kwa jina, ila zipo wilaya ambazo watu wake bado wanapanda basi kwenda wilaya jirani kulifuata. Mahakama Kuu wengi wanaifuata makao makuu ya mkoa, na wengine mkoa wa pili. Ukifika unaambiwa hakimu yuko kwenye semina, au wakili wa upande wa pili ameitwa Mahakama Kuu, kesi inapigwa kalenda hadi mwezi ujao. Mwenye gari anakasirika tu. Mwenye kulima kwa jembe amepoteza nauli ya kwenda na kurudi, chakula cha mashahidi wawili aliokuja nao, na siku ya palizi. Safari ya tatu shahidi mmoja anasema mgongo unamuuma. Safari ya tano wa pili haji. Na kesi ya madai bila shahidi mnajua inavyoishia.

Sasa njooni kwenye jambo ambalo watu hawalijui kabisa: siku na malipo.

Rufaa kutoka Mahakama ya Mwanzo kwenda Mahakama ya Wilaya ni siku 30. Kutoka Wilaya kwenda Mahakama Kuu, kwa kesi iliyoanzia Mahakama ya Mwanzo, ni siku 30 nyingine. Kutoka Baraza la Ardhi la Wilaya kwenda Mahakama Kuu ni siku 45. Watu wengi wanajua kuna siku, wasichojua ni saa inasimama lini. Kuna uamuzi wa mwaka 1992, John Chuwa dhidi ya Anthony Ciza, uliosema tarehe ya kufungua shauri ni tarehe ya kulipa ada, siyo tarehe ya kufikisha karatasi. Tangu tuhamie kwenye mfumo wa kielektroniki hoja hiyo bado inazua ubishi mahakamani, na mimi huwa nawaambia watu: usiwe wewe wa kufanyiwa ubishi huo.

Nieleze nilichokiona. Mama mmoja muuza mboga alitaka kukata rufaa. Simu yake ni kitochi, hana barua pepe. Akaenda kwa kijana wa steshenari, akachapiwa sababu za rufaa, kijana akaziingiza kwenye mfumo wa mahakama kwa akaunti na namba yake mwenyewe ya simu. Namba ya malipo ikaja kwenye simu ya kijana. Kijana alikuwa amesafiri msibani. Mama amekaa nyumbani anajua rufaa imeshaingia, pesa ameifunga kwenye pindo la khanga, anasubiri kuambiwa alipe wapi. Kijana aliporudi, siku 30 zilikuwa zimepita kwa siku tatu. Siku ya kwanza ya kusikilizwa, wakili wa upande wa pili akasimama na pingamizi la awali: rufaa imeletwa nje ya muda. Dakika chache tu. Hakuna aliyegusa habari ya kiwanja.

Akaambiwa aombe kuongezewa muda. Hapo napo kuna maombi mapya, kiapo kipya (maelezo ya maandishi unayoyaapia), ada mpya, na mzigo wa kueleza kila siku aliyochelewa, maana ndivyo Mahakama ya Rufani ilivyosisitiza kwenye kesi kama ya Lyamuya Construction ya mwaka 2010: kipindi chote cha kuchelewa kitolewe maelezo. Na je, ukisema "nilikuwa sina pesa"? Jibu la kawaida la mahakama zetu ni kwamba ukata siyo sababu ya kutosha.

Lakini shikeni hili, liandikeni mahali. Mahakama ya Rufani, Rufaa ya Madai Na. 1 ya 2002, Yusufu Same na Hawa Dada dhidi ya Hadija Yusufu, ilikubali kwamba ukata kwa kawaida siyo sababu, kisha ikatazama nani amesimama mbele yake: mjane anayetegemea msaada wa kisheria. Ikasema kwa mtu wa namna hiyo hoja ya kukosa pesa haiwezi kupuuzwa. Kwangu mimi uamuzi huo ni wa dhahabu. Haufungui mlango kwa kila mtu, ila mjane, mzee au mgonjwa anayehudumiwa na kituo cha msaada wa kisheria ana pa kushika. Kila kiapo cha kuomba muda cha mtu wa aina hii kingepaswa kuutaja, na unapatikana bure kwenye TanzLII, tovuti inayoweka hukumu za mahakama zetu.

Kuna mtego mwingine hapo hapo. Watu wanakaa wanasubiri nakala ya hukumu, wanadhani siku hazihesabiwi. Kwa rufaa za kutoka Baraza la Ardhi, muda wa kusubiri nakala unaweza kuondolewa kwenye hesabu chini ya Sheria ya Ukomo, ile inayoweka muda wa mwisho wa kufungua mashauri. Kwa rufaa zilizoanzia Mahakama ya Mwanzo, sheria haidai uambatanishe nakala, kwa hiyo kuisubiri hakukusaidii. Siku zinakwenda. Andika sababu zako kwa ulichokisikia hukumu ikisomwa, peleka, lipa.

Jambo la tatu ni kufutwa kwa kesi. Mahakama ikikuta umekosea kifungu, umetaja jina vibaya, au kiapo kina kasoro, inaweza kulifuta shauri na kukuruhusu ulete upya. Kisheria hujapoteza haki. Kimfuko umeanza sifuri: ada upya, uchapaji upya, nauli upya, na mara nyingine ukomo umeshapita. Ibara ya 107A(2)(e) ya Katiba inaitaka mahakama itende haki bila kufungwa kupita kiasi na masharti ya kiufundi, na mwaka 2018 Bunge likaingiza kwenye sheria za mwenendo kanuni ya kutazama lengo kuu, yaani haki kwa wepesi na kwa gharama nafuu. Mwaka huo huo, kwenye Yakobo Magoiga Gichere dhidi ya Peninah Yusuph, Mahakama ya Rufani iliitumia kukataa kubomoa kesi ya ardhi kwa hoja ya kiufundi kuhusu akidi (idadi ya wajumbe inayotakiwa) ya baraza la kata. Nimefurahi sana kuona hivyo. Ila huku chini bado pingamizi la awali ndiyo silaha ya kwanza ya mwenye wakili dhidi ya asiye na wakili.

La nne, na hili ndilo linalonikosesha usingizi. Ugomvi mkubwa wa ardhi vijijini siyo kati ya jirani na jirani tu. Ni mwananchi na serikali ya kijiji: kijiji kimegawa shamba lake, kimechukua eneo la familia kujenga kitu. Mwaka 2020 Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali ilirekebishwa. Sasa ukitaka kuishtaki halmashauri ya kijiji, unatoa notisi ya siku 90, unamuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na unafungua Mahakama Kuu. Usipomuunganisha, mwenendo wote unabatilika. Fikirieni mzee mwenye nusu ekari. Mwenyekiti wa kijiji wanaonana kila Ijumaa msikitini, lakini kesi yao inakwenda kukaa Mahakama Kuu, upande wa pili mawakili wa Serikali wanaolipwa mshahara, upande huu yeye na fimbo yake. Wengi wakisikia hivyo wanaacha. Nawaona wanavyonyanyuka kwenye benchi, wanashukuru, wanaondoka.

Inauma zaidi ukijua tulikotoka. Zamani ili uishtaki Serikali ulihitaji kibali cha Serikali yenyewe. Mahakama ya Rufani Arusha, mwaka 1993, kwenye Kukutia Ole Pumbun, ikasema sharti hilo linapingana na Katiba. Kibali kikaondoka, notisi ya siku 90 ikaingia. Leo kibali hakuna, ila umbali na gharama vinafanya kazi ile ile kwa mtu wa kijijini.

La tano ni bili ya gharama. Nitalieleza kwa urefu kwa sababu hapa ndipo watu wanaposhtuka. Sheria ya Mwenendo wa Madai inasema gharama ni hiari ya mahakama, ila desturi ni kwamba aliyeshindwa anamlipa aliyeshinda, na hakimu akiamua vinginevyo anaandika sababu. Hukumu ikiisha kwa maneno "pamoja na gharama", mshindi ana siku 60 za kupeleka bili yake chini ya Amri ya Malipo ya Mawakili ya mwaka 2015. Nimeshika mkononi bili ya namna hiyo aliyopelekewa mkulima mmoja. Juu kabisa ada ya maelekezo ya wakili (malipo ya kuichukua na kuiandaa kesi), kisha kila tarehe ya kuhudhuria kwenye mstari wake, hata zile ambazo kesi ilipigwa kalenda tu. Kuchapa. Nakala. Usafiri wa wakili kutoka mjini. Milioni kadhaa, kwa mtu ambaye ameshindwa kesi na shamba ameshaliachia. Aliniuliza: "Kwa hiyo na zile siku walizoahirisha wao, nalipa mimi?"

Jibu ni kwamba unaweza kuzipinga, mstari kwa mstari, mbele ya afisa anayekadiria. Nenda siku hiyo! Watu wanakaa nyumbani wakidhani yamekwisha, bili inapita ilivyo. Mwenye madai anatakiwa kuthibitisha kila alichotumia. Sehemu iliyokatwa ikizidi moja ya sita ya bili nzima, mleta bili hapati gharama za zoezi lenyewe la ukadiriaji. Hukuridhika, una siku 21 kwenda kwa Jaji. Na wakija kukazia hukumu, jueni Sheria ya Mwenendo wa Madai inalinda vitu fulani visikamatwe: nguo, vyombo vya kupikia, zana za kazi za fundi, na nyumba anayoishi mdaiwa na familia yake. Dalali wa mahakama akifika kwenye nyumba unayoishi, kimbilia mahakamani kwa maandishi siku hiyo hiyo.

Naishia hapa kwa sasa, nitaendelea kulingana na maswali.

MCHANGIAJI (wakili wa kujitegemea):

Mleta uzi, hongera, umeandika mambo ya kweli. Niongeze upande wa pili kidogo. Kanuni ya aliyeshindwa alipe inawalinda hata maskini. Mjane anashtakiwa na mtu mwenye pesa kwa kesi ya kumchosha tu, akishinda anastahili arudishiwe alichotumia. Ukiondoa gharama kabisa, wenye pesa watafungua kesi za kusumbua kila siku, maana wao ada siyo kitu kwao. Tusiwalaumu mahakimu kwa kila jambo.

MLETA UZI:

Mwanasheria, nakubaliana na wewe na nashukuru. Sisemi gharama zifutwe. Ninachokiomba ni mahakimu waitumie ile hiari waliyopewa. Mtu aliyekuja na hoja ya kweli, kwa nia njema, hana wakili, ameshindwa kwa ushahidi, kwa nini abebeshwe ada ya maelekezo ya wakili wa mwenye kampuni? Kwenye kesi za ndugu na za ndoa mahakama mara nyingi zinaandika kila upande ubebe gharama zake. Basi mtu aombe. Nawashauri wote mnaojisimamia: kwenye maneno yenu ya mwisho semeni wazi, "Mheshimiwa, ikitokea nimeshindwa, naomba kusiwe na amri ya gharama kwa sababu hizi na hizi." Sijawahi kuona aliyefungwa mdomo kwa kuomba hivyo.

Na hoja yako ya mjane aliyeshinda: wengi hawaleti bili kabisa. Siku 60 zinapita hawajui. Wewe na wenzako mngewasaidia hapo ingekuwa baraka.

MCHANGIAJI:

Mimi nasema maskini achana na mahakama. Mwachie Mungu. Sheria zimetungwa na wenye nazo kwa ajili ya wenye nazo.

MLETA UZI:

Ndugu yangu, uchungu wako naujua, naukuta kila siku. Ila nikuambie kitu kilichonipa nguvu mimi. Baada ya uchaguzi wa mwaka 2000, Julius Ishengoma Francis Ndyanabo, aliyegombea ubunge Nkenge, alitaka kupinga matokeo. Sheria ya Uchaguzi ilisema kesi haipangiwi tarehe mpaka uweke mahakamani shilingi milioni 5 kama dhamana ya gharama. Milioni 5 za mwaka 2000! Akaenda kulipinga sharti lenyewe. Mahakama Kuu ikamkatalia. Hakukubali, akaenda Mahakama ya Rufani, na Februari 2002 Jaji Mkuu Barnabas Samatta na wenzake wakalifuta. Walisema haki ya kufika mahakamani ni nguzo, na sharti la pesa linalowazuia wasio nacho bila kutazama uwezo wao halina nafasi kwenye Katiba yetu. Sheria ikaja kuandikwa upya: kiasi kikawa na ukomo, na mtu akapewa nafasi ya kuomba nafuu au msamaha akionyesha kwamba itamuumiza.

Hoja hiyo haikuishia kwa wabunge. Kila mnapoona sharti la pesa limesimama mlangoni mwa mahakama, Ndyanabo ndiyo kesi ya kuanzia. Tukimwachia Mungu peke yake, kifungu kile kingekuwepo hadi leo.

MCHANGIAJI (Mombasa):

Salamu kutoka pwani ya Kenya. Huku Katiba yetu ya 2010, Kifungu cha 48, imetaja ada waziwazi: kama kuna ada itozwe ya kadiri na isimzuie mtu kupata haki. Na ukienda kortini kutetea haki zako chini ya Sheria ya Haki, Kifungu cha 22 kinasema hakuna ada ya kuanzisha kesi. Halafu kuna Oda ya 33 ya kanuni za kesi za madai, mtu asiye na uwezo anaomba kushtaki bila kulipa kwanza. Tena tuna Korti za Madai Madogo, hadi shilingi milioni moja za Kenya, na kesi inafaa kuisha ndani ya siku 60. Si kusema mambo ni mazuri hivyo, wakili bado ni ghali na watu wanahangaika, lakini ile sentensi ya Kifungu cha 48 imesaidia.

MLETA UZI:

Shukrani sana ndugu yetu. Sentensi moja ya namna hiyo kwenye Katiba yetu ningeifurahia mno. Sisi tunajenga kutoka Ibara ya 13 na 107A, tunafika, ila kwa kuzunguka. Hiyo ya madai madogo ndani ya siku 60 nimeipenda zaidi, kwa sababu inagusa kalenda na siyo ada tu. Kwetu Mahakama ya Mwanzo inasikiliza madai ya hadi milioni 30, na milioni 50 kwa mali isiyohamishika, kwa hiyo chombo cha karibu tunacho. Kinachokosekana ni siku ya mwisho inayomfunga kila mtu. Mahakama inayotembea, ile ya kwenye gari iliyoanza mwaka 2019 Dar es Salaam na Mwanza, inakwenda kwenye mwelekeo huo. Natamani ifike vijijini kwa wingi, huko ndiko nauli inakoua kesi.

MCHANGIAJI:

Mkuu, hicho cha kusamehewa ada kipo Tanzania au ni maneno tu? Mimi nilienda masijala nikaambiwa "lipa kwanza".

MLETA UZI:

Kipo. Mahakama inaweza kukusamehe ada ukiithibitishia kwamba huna uwezo. Mahakama ya Rufani nayo, kwenye Kanuni zake za 2009, ina nafuu ya ada na dhamana ya gharama kwa mkata rufaa asiye na uwezo, mradi rufaa yake isiwe ya kubahatisha. Tatizo ni kwamba watu wanaomba kwa mdomo dirishani, kwa karani ambaye hana mamlaka hayo. Karani kazi yake ni kupokea malipo, msimlaumu.

Fanya hivi. Nenda kwa mwenyekiti wa mtaa au mtendaji wa kata, upate barua inayoeleza hali yako: unaishi na nani, unategemea nini, una mali gani. Siyo barua ya "mtajwa hapo juu ni maskini" mstari mmoja. Hiyo haimsaidii hakimu kuamua. Andika ombi kwa hakimu mfawidhi au msajili, ambatanisha barua hiyo, na kama unahudumiwa na kituo cha msaada wa kisheria ambatanisha na barua yao. Peleka mapema, siyo siku ya 29. Baki na nakala iliyogongwa mhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Nakala hiyo ndiyo itakayokuokoa ukija kuambiwa umechelewa.

Na vituo vyenyewe vipo. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imetutambua rasmi. Zanzibar wana yao ya 2018. LHRC (Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu), TAWLA (chama cha wanasheria wanawake), WLAC (kituo cha msaada wa kisheria kwa wanawake), Chama cha Mawakili Tanganyika, Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar, na ile Kampeni ya Msaada wa Kisheria ya Mama Samia iliyoanza kupita mikoani 2023. Huduma ni bure. Msaidizi wa kisheria akikudai pesa anavunja sheria. Wala hatuwezi kukusimamia mahakamani kama wakili, ila tunaweza kukuelekeza uanzie wapi, na hapo ndipo watu wanapotupa pesa nyingi: kuanzia mahali pasipo penyewe. Mfano, tangu 2021 baraza la kata haliamui tena migogoro ya ardhi, linasuluhisha tu, na lina siku 30. Mpaka upate hati ya baraza kwamba usuluhishi umeshindikana, au siku hizo 30 ziishe bila kusuluhishwa, Baraza la Wilaya halikupokei. Bado kuna watu wanaenda moja kwa moja wilayani, wanarudishwa, wamelala gesti bure.

Kwa upande wa jinai, kama ndugu yako ameshtakiwa na hana uwezo, hakimu au jaji anaweza kuagiza apatiwe wakili wa msaada pale haki inapodai hivyo. Mshtakiwa mwenyewe asimame aombe, au ndugu walete maombi.

MCHANGIAJI:

Vishoka je, hawa wanaofanya kazi ya uwakili bila kuwa mawakili? Hapa nje ya mahakama wamejaa, wanaandika kila kitu kwa bei ya chini.

MLETA UZI:

Wako hivyo kwa sababu bei ya wakili haifikiki, nalielewa hilo. Lakini kesi nyingi zinazofutwa kwa kasoro ya kiapo nimezifuatilia, zimeandikwa pale chini ya mwembe. Unalipa kidogo leo, unalipa mara tatu baadaye. Aliyekuandikia hayupo siku ya pingamizi na jina lake halipo kwenye karatasi. Bora Mahakama ya Mwanzo uongee kwa mdomo wako.

MCHANGIAJI (dada):

Kaka, mimi niliachishwa kazi dukani bila barua, nimeambiwa nikishtaki nitalipa gharama za wakili wao. Naogopa. Ni kama wiki tatu zimepita.

MLETA UZI:

Dada yangu, usiogope, na usikae hata siku mbili zaidi. Mambo ya kuachishwa kazi yanaanzia Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA. Kufungua hakuna ada. Una siku 30 tu tangu ulipoachishwa, kwa hiyo zako zinakaribia. Unajaza fomu yao namba 1, unampelekea mwajiri nakala, unarudisha ushahidi kwamba ameipata. Hizo gharama za wakili walizokutishia: kwenye kesi za kazi gharama hazitolewi hivi hivi, ni pale tu mtu anapoleta shauri la kipuuzi au la kusumbua. Kuachishwa bila barua siyo upuuzi. Beba chochote ulichonacho: kitambulisho cha kazi, ujumbe wa simu, miamala ya mshahara, jina la mwenzako aliyeona. Ukiwa umeshapitisha siku, kuna fomu ya kuomba kusamehewa ucheleweshaji, lakini tusifike huko.

MCHANGIAJI:

Swali langu la mwisho mkuu. Mama yangu amesomewa hukumu ya shamba Baraza la Wilaya Jumanne iliyopita, ameshindwa, na gharama juu. Nakala bado. Wakili amesema hagusi faili bila laki kadhaa. Tuanzie wapi?

MLETA UZI:

Kesho asubuhi. Andika barua kwa Mwenyekiti wa Baraza kuomba nakala ya hukumu, hati ya amri na mwenendo. Iandikwe kwa jina la mama, iwe na namba ya shauri, nakala mbili. Moja wanabaki nayo, nyingine wagonge mhuri wenye tarehe, uiweke pakavu. Siku zako ni 45, hesabu kuanzia Jumanne hiyo, na barua yenye mhuri ndiyo itakayoeleza siku mlizokuwa mnasubiri.

Kutoka hapo mpeleke mama kituo cha msaada wa kisheria kilicho karibu, aende mwenyewe, siyo wewe peke yako, kwa sababu watataka kumsikia yeye. Ombeni barua ya mwenyekiti wa kitongoji juu ya hali yake ili muombe msamaha wa ada Mahakama Kuu mapema. Kuhusu gharama, upande wa pili ana siku 60 za kuleta bili. Mkipata wito wa ukadiriaji, nendeni, mkapinge kila mstari usio na risiti. Rufaa ikishaingia muombe pia utekelezaji usimamishwe, maana rufaa peke yake haimzuii dalali.

Na habari njema kidogo: tangu 2023 rufaa za ardhi kwenda Mahakama ya Rufani hazihitaji tena kibali cha mahakama kama zamani, kwa hiyo hata mkifika mbali kuna hatua moja ya kulipia imepungua. Ila hiyo ni ya baadaye. Kesho ni barua na mhuri. Nitumie ujumbe faragha ukiwa na mhuri mkononi, nikusaidie kupanga sababu za rufaa.